UZI: Wilaya ya Chernobyl iliyofutwa mwaka 1988, na watu waliokuwa wakiishi humo

Mchora Ramani (mwanzisha uzi)

Wakuu, salaam.

Kila ikifika tarehe 26 Aprili tunaletewa yaleyale: mwaka 1986 kinu namba 4 cha mtambo wa nyuklia wa Chernobyl kililipuka saa 7 na dakika 23 usiku, picha ya ile bembea kubwa ya duara pale Pripyat, kinyago cha gesi sakafuni, uzi unafungwa. Sina ugomvi na hayo. Ila mimi ugonjwa wangu ni ramani. Nina ramani mbili za Ukraine ya enzi za Kisovieti, moja ya miaka ya 70, nyingine ya mwishoni mwa miaka ya 80. Kwenye ile ya kwanza, kaskazini mwa mkoa wa Kyiv, kule Mto Pripyat unakokaribia kuingia Dnieper, kuna wilaya yenye mipaka yake, imeandikwa Chernobyl. Kwenye ya pili haipo. Mji upo, wilaya hakuna, na jirani yake Ivankiv amenenepa ghafla mpaka amegusa Belarus.

Uzi huu ni wa hiyo wilaya iliyomezwa. Mlipuko utakuwemo, hauepukiki, lakini ninachotaka mkione ni kwamba eneo lile lilishamwagwa watu wake mara kadhaa kabla hata jiwe la kwanza la mtambo halijawekwa. Mwaka 1986 ilikuwa zamu ya mwisho tu.

Nitashusha kidogo kidogo, nipo kazini.

Kiti cha Mbele

Nimeshakaa, viatu nimevua. Shusha nondo mkuu.

Mchora Ramani

Tuanze na jambo linalowachanganya wengi. Mtambo, mji wa Pripyat na mji wa Chernobyl ni vitu vitatu tofauti.

Mtambo ulianza kujengwa mwaka 1970. Pripyat ulijengwa pembeni yake mwaka huohuo kwa ajili ya wafanyakazi, na kufikia 1986 ulikuwa na watu zaidi ya 49,000, wastani wa umri wao kama miaka 26. Mji wa vijana watupu, kila mtu ana kitoto. Huo ulikuwa unawajibika moja kwa moja kwa mkoa, haukuwa chini ya wilaya. Ni kama kisiwa cha halmashauri nyingine katikati ya wilaya ya watu.

Mji wa Chernobyl wenyewe uko kama kilomita 15 kusini mwa mtambo. Ndio uliokuwa makao makuu ya wilaya, na ulikuwa na watu takriban 14,000 tu. Wazee wengi, nyumba za mbao zenye bustani, bandari ndogo ya mtoni na karakana ya kutengeneza meli za mtoni. Kutoka Kyiv ulikuwa unapanda boti ya kasi inayokwenda imenyanyua tumbo juu ya maji. Kuzunguka mji huo ni vijiji: Kopachi, Parishiv, Opachychi, Ilintsi, Kupuvate, Teremtsi na wenzao.

Kwa hiyo ukisikia "watu wa Chernobyl", uliza: wale vijana wa maghorofani waliokuja juzi kwa ajira, au wanakijiji waliokuwepo tangu babu wa babu? Wote waliondolewa, lakini kilichopotea hakikuwa kimoja.

Mama Nuru

Kaka Mchora Ramani, samahani nakukatiza. Ni kweli kwamba Chernobyl maana yake ni pakanga? Kanisani kwetu tuliambiwa ni ile nyota ya Ufunuo 8:11, "na jina lake ile nyota yaitwa Pakanga", maji yakawa machungu watu wakafa.

Mchora Ramani

Hujakatiza dada, umenirahisishia.

Jina la mji kweli ni la mmea. Kwa Kiukreni *chornobyl* ni jamii ya artemisia yenye shina jeusijeusi, inaota yenyewe pembezoni mwa njia. Ndugu yake ndiyo ile artemisia inayolimwa Arusha kwa ajili ya dawa mseto ya malaria, kwa hiyo ukoo mnaufahamu. Lakini Biblia ya Kiukreni kwenye mstari huo haisemi *chornobyl*, inasema *polyn*, ambayo ni ndugu mwingine, yule mchungu hasa. Mimea miwili ya ukoo mmoja. Watu baada ya 1986 wakaiunganisha, na wala siwalaumu.

Ila jina ni la zamani mno kuliko mtambo. Mji unatajwa kwenye kumbukumbu za kale za nchi hiyo mwaka 1193, kama mahali pa mtawala wa Kyiv kupumzikia akienda kuwinda. Mwaka 1193, wakuu. Baadaye ukawa chini ya Lithuania, kisha taji la Poland kuanzia 1569, kisha Urusi ya kifalme mwaka 1793. Wenye mji walibadilika, wakulima wa mabwawani wakabaki palepale, wanaongea lahaja yao ya Polesia, yaani ukanda huo wa misitu na mabwawa.

Fundi Saa

Mkuu unatuzungusha. Watu walihama kwa sababu ya mionzi, mengine mbwembwe. Hizo "mara kadhaa" ziko wapi?

Mchora Ramani

Fundi, kaa chini nikuhesabie.

Ya kwanza, Wayahudi. Mwishoni mwa karne ya 19 Chernobyl ulikuwa mji wa watu kama 10,000 na zaidi ya nusu yao walikuwa Wayahudi. Sio Wayahudi wa kawaida tu. Hapo ndipo yalipokuwa makao ya ukoo wa marabi wa Kihasidi (madhehebu mojawapo ya Kiyahudi), ukoo wa Twersky, ulioanzishwa na Rabi Menachem Nachum karne ya 18. Mwanawe Mordechai alirithi, na watoto wa kiume wanane wa Mordechai kila mmoja akawa rabi kwenye mji wake. Wazao wao wapo hadi leo Marekani na Israeli. Kuna mji mzima jimbo la New York unaitwa New Square, umeanzishwa na tawi la ukoo huo. Kwa watu wale ukitaja Chernobyl hawafikirii kinu hata kidogo, wanafikiria masheikh wao, kama sisi tunavyotaja Lamu kwa habari za maulidi.

Sasa angalia walivyopukutika. Mwaka 1905 walishambuliwa na kuporwa. Mwaka 1919, wakati wa vita vya wenyewe kwa wenyewe, wakashambuliwa tena, safari hii vibaya zaidi, wakauawa wengi. Waliobaki wengine wakahama. Wajerumani wakaingia Agosti 1941, na kabla mwaka haujaisha Wayahudi waliokuwa hawajakimbia wakapigwa risasi. Mji uliokuwa nusu Wayahudi, ukafika 1943 Wajerumani wanaondoka, Wayahudi hakuna. Lile kaburi la rabi mwanzilishi lipo, na kabla ya uvamizi wa Urusi wa 2022 mahujaji walikuwa wakiingia eneo la mionzi kwa kibali ili walizuru.

Hiyo ni moja, Fundi.

Mmeru wa Chini

Mkuu nimesikia pia kulikuwa na Wapoland huko. Ndio hao wakimbizi waliokuja Tengeru, hapa Arusha? Makaburi yao tunayaona hapa kila siku.

Mchora Ramani

Swali zuri, na jibu ni hapana, ingawa ni mto mmoja wenye vijito viwili.

Wapoland wa Chernobyl walikuwa masalia ya zile enzi za taji la Poland. Wao walikuwa raia wa Kisovieti tayari. Mwaka 1936 Stalin alikuwa anasafisha maeneo ya karibu na mpaka wa magharibi, asibaki mtu mwenye undugu na ng'ambo, wakapakiwa kwenye treni wakapelekwa Kazakhstan. Wale wa Tengeru walitoka mashariki mwa Poland yenyewe, iliyotwaliwa na Wasovieti mwaka 1939. Wakachukuliwa kuanzia 1940, wakapelekwa Siberia na huko huko Kazakhstan, kisha baada ya Hitler kuivamia Urusi wakaruhusiwa kutoka, wakapitia Uajemi, wengine wakafika Tanganyika. Treni zilikuwa zilezile, abiria tofauti.

Kabla ya treni hizo za 1936 weka njaa ya 1932 na 1933, iliyotokana na serikali kukomba nafaka ya wakulima. Mkoa wa Kyiv ulikuwa miongoni mwa mikoa iliyoumia kupita yote. Hiyo sitaiandikia sana hapa, inahitaji uzi wake.

Fundi Saa

Haya nimekaa. Endelea mkuu.

Mchora Ramani

Upande wa makaratasi sasa, maana niliahidi wilaya.

Wabolsheviki walipoishika Ukraine walikuta mgawanyo wa kifalme: majimbo makubwa, ndani yake "uyezdi", ndani yake tarafa. Mwaka 1923 wakavunja vyote hivyo vya chini wakaweka rayoni, yaani wilaya ndogo ambayo mkulima anaweza kufika makao makuu kwa mkokoteni na kurudi. Chernobyl ikapata yake. Mwaka 1932 ikaundwa mikoa, ikawekwa mkoa wa Kyiv, na hapo ndipo ilipokaa mpaka mwisho wake. Kwa hiyo umri wa wilaya ni miaka 65 tu, 1923 hadi 1988. Mtumishi anastaafu.

Baada ya vita wilaya ilikuwa maskini. Udongo wa Polesia ni mchanga na bwawa, wanapanda viazi na kitani, wanafuga, wanachuma uyoga na matunda ya msituni. Miaka ya 60 likaja bwawa la umeme pale Vyshhorod, juu kidogo ya Kyiv, likajazwa kati ya 1964 na 1966, na maji yakapanda kuelekea kaskazini. Vijiji vya mabondeni vikahamishwa. Teremtsi ikabaki karibu izungukwe na maji. Hiyo nayo ni kuhamishwa, Fundi, andika pembeni.

Na ni umaskini huohuo uliowaletea mtambo. Wapangaji walitafuta mahali penye mto wa kupoza vinu, penye reli (kulikuwa na stesheni ya Yaniv), na penye ardhi ambayo kilimo hakitailia. Wakaweka kidole hapo. Kinu cha kwanza kikawashwa 1977, cha pili 1978, cha tatu 1981, cha nne 1983.

Hii ndiyo sehemu inayonikera kila nikiisoma. Palichaguliwa kwa sababu palionekana hapana kitu.

Mzee wa Kiev

Vijana, mimi huwa nasoma tu siandiki, ila leo mmenigusa.

Mwaka 1986 nilikuwa Kiev, ndiyo hiyo Kyiv mnayoiandika, mwaka wa tatu chuoni, nasomea ujenzi. Tulikuwa Waafrika wengi, Watanzania tukijuana wote. Tarehe 1 Mei tuliandamana barabara kuu ya Khreshchatyk kama kawaida, jua zuri, watoto na maputo. Siku tano baada ya mlipuko. Serikali ilikuwa imesema kidogo sana, tuliyoyajua tuliyapata kwenye redio ya masafa mafupi.

Kisha mambo yakaanza kubadilika bila mtu kutueleza. Magari ya maji yanaosha barabara asubuhi na jioni. Mlangoni hosteli kikawekwa kitambaa kilicholowa, hupiti bila kufuta viatu. Madirisha yafungwe, na Mei ile ilikuwa joto. Katikati ya mwezi watoto wa shule wakaondolewa mji mzima. Kiev bila mtoto hata mmoja, hamjawahi kuona kitu cha ajabu kama hicho. Ukimya.

Pale hosteli kulikuwa na bibi wa zamu anayekaa mlangoni, tukimwita mama. Dada yake alikuja kukaa naye, kahamishwa kutoka kijiji kimoja cha wilaya hiyo ya Chernobyl. Kaja na kitambaa kichwani na mfuko mmoja. Hakuwa analia. Alichokuwa anauliza kila siku, mpaka tukazoea, ni nani atapalilia viazi, maana alikuwa ametoka kuvipanda vyote, mistari yote, siku mbili kabla ya basi kuja.

Kiti cha Mbele

Shikamoo mzee. Hiyo ya viazi imenikaa.

Mzee wa Kiev

Marahaba mwanangu.

Mchora Ramani

Shikamoo mzee wangu, na asante. Nilikuwa nimeandaa aya tatu za hiyo sehemu, nimezifuta.

Nitaongeza tarehe tu. Pripyat walitolewa tarehe 27 Aprili saa 8 mchana, mabasi zaidi ya elfu moja, wakaambiwa wabebe vya siku tatu. Watu wa wilaya yenyewe wakabaki pale karibu wiki nzima zaidi. Uamuzi wa kuondoa watu wote ndani ya kilomita 30 ulitolewa tarehe 2 Mei, na mji wa Chernobyl na vijiji vikatolewa siku zilizofuata, ng'ombe nao wakapakiwa malori. Ndiyo maana dada wa yule bibi alipata muda wa kumaliza viazi. Mwaka ule peke yake waliondolewa watu kama 116,000, ukijumlisha upande wa Belarus.

Wanakijiji wengi walipelekwa wilaya nyingine za mkoa huohuo, Makariv, Borodianka na kwingineko, wakajengewa nyumba za matofali haraka haraka kiangazi kile. Nyumba mpya, ila majirani wamechanganywa na udongo siyo ule. Kijiji cha Kopachi kilivunjwa nyumba kwa nyumba na kufukiwa ardhini. Imebaki shule ya chekechea na mnara wa kumbukumbu ya vita.

Fundi Saa

Sasa wilaya ilifutwa 1988. Miaka miwili katikati ilikuwaje? Mkuu wa wilaya anaongoza miti?

Mchora Ramani

Hahaha. Ndivyo hasa ilivyokuwa kwenye karatasi: wilaya ina jina, ina mipaka, haina wananchi. Mwaka 1988 wakaifuta, eneo lote wakalibandika Ivankiv. Na angalia mwaka huohuo kilichotokea: Oktoba, familia za kwanza zikaingia Slavutych, mji mpya uliojengwa ng'ambo ya Dnieper kwa ajili ya wafanyakazi wa mtambo, maana vinu vilivyobaki viliendelea kufua umeme mpaka Desemba 2000. Slavutych ulijengwa na mafundi kutoka jamhuri nane, ndiyo maana mitaa yake ina majina ya Tallinn, Riga, Vilnius, Baku, Yerevan, Tbilisi. Kwa macho yangu mambo hayo mawili ni sentensi moja: wenye ajira kwenye mtambo walipata mji badala ya mji wao, wenye viazi hawakupata wilaya badala ya wilaya yao.

Baadhi walirudi wenyewe. Wanaitwa *samosely*, yaani waliojikalisha wenyewe, jina ambalo wengi wao hawalipendi kwa sababu hawakujikalisha popote, walirudi kwao. Walipita porini kukwepa askari. Walifika kama 1,200 mwanzoni, wengi wazee, wengi wanawake. Mageti yao yaliandikwa kwa rangi: mwenye nyumba anaishi hapa. Hiyo ilikuwa ni kwa ajili ya wezi, na kwa ajili ya serikali pia. Baadaye wakaachwa, wakapelekewa pensheni na mkate. Miaka inakwenda, wamebaki wachache mno.

Mji wa Chernobyl leo haujafa kabisa. Wafanyakazi wa eneo la mionzi wanakaa kwa zamu, wiki mbili ndani, wiki mbili nje. Sanamu ya Lenin imesimama. Kanisa la Nabii Eliya linaendesha ibada. Mwaka 2022 jeshi la Urusi lilipita hapo tarehe 24 Februari, siku ya kwanza kabisa ya uvamizi, likakaa mpaka mwisho wa Machi.

Na kwa mkuu aliyesema nishushe nondo: zipo, na ni nondo kweli. Pale mjini kuna malaika anayepiga tarumbeta, ametengenezwa kwa nondo za ujenzi. Nyuma yake kuna njia ndefu ya vibao vyeupe, kila kibao jina la kijiji. Ukienda unasoma majina. Ukigeuka kurudi, upande wa pili majina ni yaleyale ila yamekatwa mstari, kama kibao cha barabarani kinachokwambia umeshatoka kijijini. Kiliwekwa 2011.

Mama Nuru

Na makaburi ya wazazi wao kaka? Yaliachwa?

Mchora Ramani

Hapana dada. Wiki moja baada ya Pasaka ya Kiorthodoksi kuna siku za kuzuru wafu, na kizuizi cha polisi kilikuwa kinafunguliwa kwa wenyeji wa zamani. Miaka kabla ya vita walikuwa wakija kwa mabasi, na mayai ya rangi, mkate, vodka kidogo, wanatandika kitambaa makaburini wanakula na wazazi wao, wanang'oa majani, wanapaka uzio rangi. Wengine waliofia Kyiv au Makariv waliomba wazikwe kwao, na wakazikwa.

Mmeru wa Chini

Swali la mwisho mkuu. Hiyo Ivankiv iliyoimeza Chernobyl, bado ipo?

Mchora Ramani

Aliyemeza naye kamezwa. Julai 2020 Ukraine ilipunguza wilaya kutoka 490 hadi 136. Ivankiv ikafutwa, ikaingizwa wilaya ya Vyshhorod. Vyshhorod ni pale penye lile bwawa lililofurika vijiji miaka ya 60. Na Slavutych nayo, ingawa iko ng'ambo ya mto na haijagusana nayo, imewekwa wilaya hiyohiyo. Kwa hiyo Pripyat, Chernobyl na Slavutych sasa zote ziko chini ya ofisi moja ya wilaya.

Mzee wa Kiev

Yule dada wa bibi yetu, karatasi zake zote ziliandikwa amezaliwa wilaya ya Chernobyl. Nakumbuka kwa sababu aliwahi kuniomba nimsomee fomu, miwani ilibaki kijijini.